Chui wa Kilolo Anataka Kuingia Sinema

Mbeya

Dada yangu mpenzi Yustina,

Kamwene, dada. Pokea mkono wangu kutoka huku, ushike vizuri maana una baridi. Mama mguu wake unasemaje? Shemeji amemaliza kuchuma pareto? Mimi ni mzima kuliko wazima wenyewe. Ila baridi ya Mbeya! Juzi alfajiri moshi wa jiko langu uliganda hewani, ikabidi niukate kwa panga ndipo nipite. Muulize yeyote.

Sasa habari ya kazi. Nampikia Mhispania mmoja, mwembamba, mwandishi wa vitabu. Kwao walipigana vita wenyewe kwa wenyewe, akakimbia na mashine yake ya kupigia chapa, na tangu hapo hajamwona mama yake. Anaandika na sinema pia. Usifikiri sinema wanapiga picha ovyo, dada. Kwanza mtu anakaa anaandika: huyu aseme hivi, yule aanguke pale. Mtu huyo ndiye bwana wangu. Na bila chapati zangu haandiki hata mstari.

Kiswahili chake amekiokota mashambani, kina vumbi lakini kinatembea. Kila jioni ananiambia, "Laurenti, hadithi!" Basi nikamhadithia chui wa Kilolo, yule aliyetutokea mimi na wewe. Lakini ulimi wangu unaujua, dada, una mteremko. Nikamwambia chui nilimuua mimi, kwa jembe. Akafurahi, akaandika siku kumi.

Juzi akasema kabla hajaipeleka posta nimwonyeshe kwa mwili. Ndiyo kawaida yake, haamini karatasi mpaka mtu asimame aigize. Akanipa jembe la bustani, yeye akawa chui, akatambaa chini ya meza, mtu mzima na miwani yake.

"Chui anatoka huku. Wewe uko wapi?"

"Hapa, bwana, na jembe."

"Dada yako?"

"Nyuma yangu."

"Sasa lile kovu la mkono wake ulilonisimulia, kalipataje? Chui alikuomba njia?"

Nikakumbuka ulivyorudi nyumbani mkono umefungwa kaniki, unacheka, na miaka yote hii hujanisema mbele ya watu, hata siku moja. Nikamwambia, "Bwana, dada hakuwa nyuma. Alikuwa mbele, na jembe lilikuwa lake."

Nilijua nimefukuzwa. Yeye akakaa pale pale sakafuni. "Mwongo mkubwa wewe! Hii ni nzuri zaidi." Akachana kurasa zote, akaanza upya. Sasa wa kwanza kutajwa ni wewe.

Nisalimie mama sana, na shemeji, na binti yako mkubwa, mwambie mjomba wake anamnunulia kitambaa soko la Mwanjelwa.

Sasa sikiliza. Bwana anakuja Kilolo mwezi ujao, nami nitakuwa naye. Anataka kuisikia kwa mdomo wako. Mwambie yote, usipunguze. Ila atakuuliza, "Na Laurenti alikuwa wapi?" Hilo sijamwambia bado. Ukiweza kusema nilikwenda kuita watu, nitashukuru. Usipoweza, basi sema nilikuwa juu ya mti. Lakini dada, ongeza kwamba hapajatokea nyani aliyepanda haraka vile.

Ni mimi kaka yako anayejivunia wewe,
Laurenti