Visu vya Mjomba

Bucha ya Kona,
Jumapili, 6 Juni.

Mpendwa Kaka,

Salamu kwanza, ugomvi baadaye, ndivyo tulivyolelewa. Hujambo? Mgongo unaendeleaje na baridi ya huko? Sisi wazima, ila mimi nina hasira, na aliyenitia ni wewe.

Unajua mpwa wako aliitwa jeshini vita vilipopamba moto, akakataa kushika bunduki. Alhamisi alisimamishwa mbele ya kamati. Mwenyekiti aliposikia kazi yake alicheka mpaka akavua miwani. Mchinjaji mzima anaogopa damu?

Mwanangu hakupandisha sauti. Alisema, "Mzee, nachinja tangu nina miaka kumi na sita. Humu ndani ni mimi ninayejua kisu kinafanya nini. Mtu simuui."

Mwenyekiti akavaa miwani yake tena, nikadhani tumepona. Ndipo karani akasoma barua uliyowaandikia: eti kijana ni mwoga, anauaibisha ukoo, na jela itamkomaza. Kikulacho ki nguoni mwako. Hata kuniuliza hukuniuliza.

Mwoga? Nani alimfundisha asichinje mnyama mbele ya mwenzake, wala asimwonyeshe kisu? Si wewe? Nani alimzaba kibao siku alipomcheka mbuzi anayehangaika? Ulimwambia anayecheka hapo hafai kazi hii. Yeye amelishika neno lako, wewe umelisahau. Tena mbona hukurudi wewe kuchukua bunduki? Ushujaa wa mbali hauna gharama.

Kamati itaamua tarehe ishirini. Wakiiamini barua yako, ni miaka mitatu jela. Wakipata nyingine, ya huyohuyo aliyemfundisha kazi, inayosema kweli, watampeleka hospitali kubeba majeruhi. Hilo amelikubali tangu mwanzo.

Jana alifunga bucha mapema. Visu ulivyomwachia alivinoa vyote, akavifunga kwenye kile kitambaa chako cha kijani. Nikamuuliza vinakwenda wapi.

"Ni vya mjomba," akasema. "Akiona mtu ni wa kuchinjwa, aje achinje mwenyewe."

Nimeviweka juu ya kabati. Andika, Kaka, au njoo uvichukue.

Msalimie wifi na mapacha. Mama anakuombea heri, sijamwambia ulichoandika. Mungu akupe afya, na moyo akulainishie kabla ya tarehe ishirini.

Dada yako akupendaye, leo kwa shida,
Mama wa huyo mwoga.