Kichwa cha Beki

Jumatatu, 3 Februari

Shifti ya asubuhi. Treni ya kutoka Campbelltown ilichelewa tena, joto la kuchemsha. Kufika nyumbani Granville, nikamkuta mume wangu Gregor amelala chali sebuleni, barafu kwenye goti. Kawaida ya Jumatatu. Nikamruka nikaenda kumenya viazi.

Mkataba wake unaisha Mei. Ana miaka thelathini na tano. Beki wa kati tangu akiwa na kumi na saba: timu nne huko kwao Scotland, mbili zikashuka daraja akiwa nahodha, halafu hii ya hapa Sydney. Kazi yake ni kuondoa mipira ya juu kwa kichwa. Tulijuana Glasgow nikiwa mwanafunzi wa unesi, siku alipoletwa wodini mfupa wa shavu umevunjika. Swali lake la kwanza lilikuwa kama atacheza Jumamosi. Nilipaswa kuelewa siku ile.

Alhamisi, 6 Februari

Tulienda Bankstown kununua viatu vya shule vya binti yetu Wanja. Njiani kurudi Gregor aliipita kona ya kuingia kwetu. Akapita na ya pili. Nilinyamaza kuona atafanya nini. Alisimamisha gari, akashika usukani kwa mikono miwili, akasema anasikiliza injini. Injini haina shida yoyote.

Mimi ni nesi. Naona dalili hizi kwa wagonjwa kila wiki. Nyumbani najifanya sizioni.

Jumamosi, 8 Februari

Mechi. Dakika ya sitini, kona. Yeye na mshambuliaji wao wakaruka pamoja, vichwa vikagongana. Niliusikia mlio kutoka jukwaani. Gregor alibaki chini. Wanja akanishika mkono.

Daktari wa timu aliingia na kumuuliza maswali. Alijibu yote, akaendelea kucheza. Najua anavyofaulu. Kwenye vipimo vya mwanzo wa msimu alijibu polepole makusudi, ili siku akigongwa alama zisionekane zimeshuka. Alinisimulia mwenyewe, akicheka. Na mimi nilicheka. Naona aibu kuandika hilo.

Jumapili, 9 Februari

Ametapika mara mbili kabla ya kanisa. Nikamwambia apige simu kwa daktari.

"Zimebaki mechi kumi na mbili tu, Njeri," akasema. "Sijui kazi nyingine. Niachie hizo."

Nimeenda kanisani na Wanja peke yetu. Mama Neema, Mkongo tunayekaa naye kiti kimoja, aliuliza bwana yuko wapi. Nikasema amechoka. Akasema atamwombea goti. Nikamshukuru.

Jumanne, 11 Februari

Kazini nilimfokea mke wa mgonjwa kwa kuchelewa kumleta. Baadaye nikajifungia chooni.

Mama amepiga kutoka Nyeri. Nilimweleza nusu. "Mwache amalize kazi yake kwa heshima," akasema. "Ukimharibia hatakusamehe." Najua. Namba ya daktari wa timu ninayo kwenye simu. Nimeandika ujumbe mara tatu, nimefuta mara tatu.

Alhamisi, 13 Februari

Nimempigia daktari wa timu. Nimesema kila kitu: kutapika, njia aliyoisahau, hata ule ujanja wa vipimo. Daktari alisikiliza kwa upole. Akamwita Gregor, akampima upya. Amefaulu. Ameambiwa mke wake ana wasiwasi, akajibu kwamba wanesi wote wako hivyo. Daktari amenirudishia simu kunieleza. Anasikitika. Hawezi kumzuia kwa maneno yangu peke yake.

Gregor alirudi, hakugomba. Alikula amesimama jikoni, akaosha sahani yake, yake tu.

Sina mtu mwingine wa kumpigia.

Jumamosi, 15 Februari

Amecheza. Amecheza vizuri kuliko siku zote za msimu huu. Kila mpira wa juu ulikuwa wake. Kila akiruka nilifumba macho, na kila nikifumba watu walishangilia. Wamemchagua mchezaji bora wa mechi. Mzee mmoja aliyekaa mbele yangu aligeuka akasema kichwa cha huyu mtu ni chuma.

Nilitaka aumie goti. Goti tu, vibaya. Nimeomba hilo kwa Mungu nikiwa jukwaani.

Jumatano, 19 Februari

Nikiwa wodini, simu kutoka shule. Wanja hajachukuliwa, saa nzima imepita. Nilimpigia Gregor. Alikuwa nje ya shule ya mwaka jana, ile tuliyomtoa Wanja. Geti limefungwa, akadhani ni sikukuu.

Nikasikia anapumua.

"Njeri, sijui nirudi vipi nyumbani."

Nikamwambia azime gari na asitoke. Mama Neema akamfuata Wanja, mimi nikachukua teksi. Nilimkuta amekaa upande wa abiria. Alinipa simu yake, akaniomba nimpigie daktari. Hakuweza kupata jina lake mle ndani.

Jumanne, 25 Februari

Tumeonyeshwa picha za ubongo. Mtaalamu amesema asicheze tena, wala mazoezini. Yaliyopotea huenda yasirudi. Yanayobaki, hajui yatabaki muda gani. Gregor aliuliza kama goti linaweza kuendelea na matibabu.

Nilikuwa sahihi. Haina faida yoyote.

Jumapili, 2 Machi

Klabu imetoa taarifa. Mistari minne, sababu za kiafya, wanamshukuru. Miaka kumi na minane ya mpira. Gregor aliisoma, akanirudishia simu.

Mchana alikaa nyuma ya nyumba. Wanja alitoka na mpira. "Dad, catch," akamwambia audake, akaurusha juu sana, kama mtoto anavyorusha. Mimi nilikuwa naanika nguo. Niliona macho ya Gregor yanaufuata, shingo inakaza, miguu inajipanga kuruka. Nikashindwa hata kuita.

Akainua mikono, akaudaka.

Alibaki nao kifuani kwa muda. Kisha akamrudishia mtoto, polepole, kwa chini.