Mwaka Bila Sauti ya Mama Yetu, Theopista Pontien, Mwigizaji wa Mpanda

Mama, umetimia mwaka tangu tulipokulaza katika ardhi ya Mpanda, Novemba ile ya 1995, mvua za kwanza zikinyesha na udongo ukinata kwenye majembe. Tuliambiwa mwaka ukipita moyo utapoa. Umepita. Haujapoa.

Wengi wanaosoma hapa walikuona jukwaani, lakini wachache wanajua ulikoanzia. Ulianzia parokiani, ukiwa binti mdogo, katika igizo la Noeli. Ulipewa kuwa Mfalme Herode kwa sababu hakukuwa na mvulana aliyeweza kufoka kama wewe. Babu Pontien, baba yako, alikaa benchi la mbele amejifunika uso kwa aibu, na baadaye ndiye aliyemsimulia kila mgeni habari hiyo. Ukaenda Tabora na kikundi cha utamaduni. Huko ndiko Baba yetu Obadia, kijana wa reli, alikokuona, akaja kukusalimu nyuma ya jukwaa kwa woga. "Nilidhani ni mkali kama yule mama wa kwenye igizo," anasema hadi leo.

Mkaoana, mkarudi Mpanda, ukaanzisha kikundi uani kwetu. Ulichora jukwaa kwa majivu, na ole wake mtoto au kuku aliyekatiza. Mchana ulishona nguo za watu, jioni uliongoza mazoezi. Waigizaji wako walikuwa akina mama wa sokoni, mwalimu mmoja, na mabinti wa Magamba waliokuja kwa miguu baada ya palizi. Hakuna aliyeondoka na njaa; ugali na dagaa wa ziwani kutoka Ikola havikukosekana. Kwenye kazi, hata hivyo, hukuwa na huruma.

"Josephina, usinililie hivyo," ulimwambia mmoja wa mabinti hao. "Lia kama mtu asiyetaka aonekane analia."

Josephina alirudia na kurudia, mpaka sisi tuliokuwa kibarazani tunachambua mchele tukaanza kulia wenyewe.

Kisha ukatunga igizo la kikongwe. Ulikuwa umesikia kwamba bibi vizee wanauawa vijijini, eti ni wachawi kwa kuwa macho yao ni mekundu. Macho yaliyoharibiwa na moshi wa kuwapikia watoto wa watu. Kikongwe ulimcheza wewe. Kabla ya kuingia ulikaa kwenye moshi wa kuni mbichi mpaka macho yakawa kama makaa. Tulipokukataza ulijibu, "Wenzangu wanakaa humo maisha yao yote, nyie mnanihurumia kwa dakika chache?"

Mlilicheza Mpanda, mkalipeleka vijijini. Katika kijiji kimoja mbele ya Sitalike, mlipofika pale majirani wanapomjia kikongwe na mapanga, mtu mmoja alisimama katikati ya watazamaji. Aliitwa Mwandu.

"Ngojeni kwanza," alisema. "Mimi nina mama mdogo hapa hapa. Tumemsema hivi hivi. Na mimi nimemsema."

Akaenda kwa bibi mmoja aliyekaa pembeni peke yake, Bibi Nyanzala, akapiga magoti mbele yake. Bibi akainuka polepole, akaja mpaka kwako, akakushika mashavu, akakutazama machoni.

"Mwanangu, nani alikusimulia habari zangu?"

Ukayasahau maneno ya igizo, Mama. Mkalia mmekumbatiana. Kurudi, juu ya lori la mahindi, uliimba njia nzima. Furaha ile hatukuiona tena usoni pako.

Sauti ilianza kukwaruza mwaka uliofuata. Tukadhani mafua. Ukatafuna tangawizi, ukalamba asali, shangazi zetu wakakuchemshia majani. Hospitali wakasema uende Mwanza. Baba akakupeleka kwa treni, na huko wakaona uvimbe kooni. Waliufanyia walichoweza. Ulirudi ukiwa hai, lakini bila sauti.

Hata hapo hukukata tamaa. Uliongoza mazoezi kwa mikono. Ukipiga kofi, wanarudia. Ukifumba macho, wamepatia. Nafasi ya kikongwe ukampa Josephina, na tukaanza kuamini kwamba kazi yako itaendelea.

Ndipo Mwandu akaja nyumbani kwetu, mkono wake umefungwa kitambaa. Surua ilikuwa imeua watoto kijijini kwao, na watu wakatafuta wa kumlaumu.

"Nilisimama mlangoni, mama," alikuambia. "Naapa nilisimama. Walikuwa wengi."

Bibi Nyanzala walikuwa wamemuua.

Ulimsogezea Mwandu kiti, ukamletea maji ya kunywa, ukamfungulia kile kitambaa na kumsafisha jeraha. Alipoondoka ulichezesha midomo, na Baba, aliyekuwa amejifunza kuisoma, akatueleza kwa shida ulichosema: "Tulicheza bure."

Tulikubishia. Tulikutajia kila kijiji mlichopita na kila mtu aliyewahi kukushukuru. Jioni ile kikundi kilipokuja uliwafungia mlango, na hukuwafungulia tena. Ukaacha chakula kidogo kidogo. Daktari alisema ni ule uvimbe umerudi. Sisi tulijua kilichotangulia kukuua.

Mama, tungependa kukuletea habari njema leo, na hatuna. Josephina na wenzake walijaribu kulicheza igizo lako siku ya kumaliza matanga. Akafika katikati, akashindwa, watu wakatoka mmoja mmoja. Kikundi kimevunjika. Katika ukumbi mlimokuwa mkicheza sasa wanaonyesha video za karate. Watu wa redio waliokuja kukuhoji ulipokuwa bado na sauti walisema watarudi na mashine ya kurekodi; hawakurudi.

Juzi Lucia, mtoto wako wa mwisho, alimwuliza dada yake Helena, "Mama alikuwa anaongeaje?" Alikuwa mdogo mno sauti ilipokuacha. Helena akajaribu kuongea kama wewe. Akajaribu tena. Lucia akatikisa kichwa: "Hiyo ni sauti yako, dada." Helena akatoka nje.

Padre anatwambia umepumzika. Tunaitikia amina, kwa kuwa hatuna neno lingine.

Unakumbukwa na mumeo Obadia, ambaye bado analala upande wake tu wa kitanda. Watoto wako Helena, Selestine na Lucia. Dada yako Yustina. Mama yako mzazi, Bibi Skolastika, ambaye wewe ndiye uliyepaswa kumzika. Josephina na wote uliowafundisha. Na Mwandu, aliyeomba jina lake liandikwe hapa pamoja na ya ndugu.

Tutakukumbuka, Mama, siku zote tutakazopewa.