Nimepewa Nafasi ya Steringi, Naitamani ya Karani

Mpendwa mshauri, naomba msaada wako haraka, kabla mume wangu, ambaye ni fundi cherehani, hajamaliza kunishonea gauni la uzinduzi wa tamthilia yetu. Miaka ishirini na miwili nimeigiza kwenye filamu na tamthilia kama jirani mmbea, muuguzi mkali na hasa mama mkwe, watu hawalijui jina langu lakini sokoni wananisimamisha, kuna dada aligoma kuniuzia nyanya eti namtesa mno mke wa mwanangu, kisha akacheka mwenyewe akaniongezea mbili, nikarudi nyumbani najiona malkia. Basi mwezi uliopita mwongozaji akanipa nafasi ya steringi kwenye tamthilia mpya, niwe mhusika mkuu, mjane anayefungua kiwanda cha sabuni, mume wangu akatangazia ukoo mzima, na dada yangu akanipigia simu, "Hatimaye umetoka kwenye kona!" Tumefanya mazoezi wiki mbili na sijafurahi hata siku moja, kila tukio ni mimi, mimi, mimi, hadi nimechoka kuisikia sauti yangu. Alhamisi mama mmoja mgeni, anayeigiza karani wa hospitali, alikwama kwenye sentensi yake moja tu, nikamvuta pembeni nikamwambia, "Usimtazame mgonjwa, tafuta faili, umjibu huku bado unatafuta," akafanya hivyo, chumba kizima kikaangua kicheko, na mimi, mshauri, nikamwonea wivu karani. Nataka kuiacha nafasi hii ila mume wangu ataumia na watu watasema nimeingia baridi. Je, mimi ni mwoga?

Kwako Mama Mkwe,

Mwoga angekataa kabla ya kujaribu. Wewe umejaribu, umeona haikukai, basi. Na huyo dada yako anazungumzia kona gani? Mtu anayegomewa nyanya kwa sababu ya uigizaji wake hayuko konani hata kidogo.

Ila hapa nakugombeza. Mimi nisiyekujua umenimwagia yote, na baba watoto mnayekula naye meza moja hujamwambia neno! Mwongozaji naye anapanga ratiba akidhani mjane anaye. Huo si upole, mama, unawapotezea watu muda wao.

Leo hii mketishe mumeo. Mwambie, "Nimejaribu, siipendi, kazi yangu ya siku zote ndiyo ninayoipenda." Usianze na samahani. Atanuna siku mbili tatu. Mwache anune, ni haki yake. Kesho asubuhi mfuate mwongozaji kwa miguu yako, si kwa ujumbe wa simu, na umpelekee jina la mwenzako anayeiweza nafasi hiyo. Najua unalo. Nyie mnaosimama pembeni huona nani anaweza nini.

Halafu usiondoke hivihivi. Mjane mwenye kiwanda hakosi wifi msumbufu. Omba uwe huyo wifi, na umsumbue kwelikweli. Mimi nitakuwa kwenye kochi langu, tayari kukuchukia.