Hatamu ya Dachesi

Jumatatu, 6 Septemba 1976

Kamati imekaa tena. Dachesi ni kupe! Ndivyo alivyotangaza Mwenyekiti Jailos, amesimama, mkono kifuani kama anayekula kiapo. Farasi ameachwa na bwana wake mzungu, anamaliza majani ya ng'ombe wa kijiji, kazi hafanyi, kwa hiyo ni kupe, na kupe huuawa. Makofi. Watu wa hapa hulipigia makofi neno lolote linalosemwa na kidole kikiwa hewani.

Nikasimama. Kupe ananyonya, hanyonywi, nikawaambia. Yule mzungu alimkalia mgongoni miaka yote ile, mvua na jua, bila likizo. Mkoloni alikuwa juu, jamani! Ninyi mnataka kumwua aliyekuwa chini!

Wakacheka. Jailos naye akacheka, kisha akanigeuzia kibao. Sawa, Mwalimu Sekela, kama ni mpagazi basi abebe. Ashushe magunia ya pareto kutoka mashamba ya juu. Jumamosi tarehe ishirini na tano bwana mifugo anakuja na bunduki kwa ajili ya mbwa wenye kichaa. Siku hiyo Dachesi atembezwe mbele ya Kamati, amevaa hatamu, ameongozwa na mtu. Akikataa, risasi moja ni yake.

Na atakataa. Kijiji kizima kinajua. Mtu akiinua tu kamba karibu na masikio yake, anasimama kwa miguu ya nyuma.

Nimeshinda hoja, nimeondoka na hukumu. Ndiyo kawaida yangu tangu nilipoanza kufungua mdomo mbele za watu.

Jumatano, 8 Septemba

Nimeitazama ile hatamu ya zamani. Si yake! Ilikuwa ya farasi mdogo, aliyekufa kitambo, wa binti wa mzungu. Walipohama walifungasha hatamu kubwa, nzuri, wakaacha mnyama. Ndivyo watu hawa wanavyochagua mizigo. Mwaka jana vijana wetu wa mgambo wakamlazimisha hii ndogo, wakamvuta nayo kama gogo. Sasa tunasema ana kiburi.

Mtu akikataa kiatu kinachombana hatusemi ana kiburi.

Nilimgusa kichwa kwa vidole, taratibu, kuanzia puani kwenda juu. Yote yameandikwa pale. Ukanda wa juu ulikuwa unapita kwenye mizizi ya masikio yenyewe: nywele zimeota nyeupe. Ukanda wa pua ulikalia ncha za mifupa ya mashavu, mahali ambapo ngozi ni nyembamba kama karatasi ya sigara na mshipa wa fahamu unapita chini yake. Kila hatua, msumari. Nilipofika karibu na sikio alitetemeka mwili mzima, akanisukuma ukutani. Bega linaniuma hadi sasa.

Nimechora kichwa chake. Ukanda wa juu urudi nyuma, upindwe kufuata sikio, usiliguse. Wa pua ushuke chini ya ile mifupa, usifike kwenye pua laini anapovutia pumzi. Chuma cha mdomoni sitaki kabisa. Mfupa usibebe, nyama ibebe. Kanuni ambayo hata Kamati ingeielewa — kama ingekuwa inapenda kuelewa.

Ijumaa, 10 Septemba

Mbeya na kurudi, kwa lori la mbao. Ngozi laini haipo. Maduka yana viberiti na picha za viongozi. Fundi viatu wa karibu na soko akaniangalia juu hadi chini. Mama, akasema, ngozi niliyobaki nayo ni hii ninayoivaa. Ana matairi tu, ya kushonea katambuga. Akanishauri farasi avae katambuga kichwani. Wenzake wakacheka hadi wakaweka nyundo chini.

Nilimjibu vibaya. Njiani nikajuta kidogo, kisha nikaacha kujuta. Nchi inayofuga ng'ombe wengi kiasi hiki inakosa ngozi ya kufunga kichwa kimoja! Ningeandika gazetini. Barua zangu tatu za mwisho hawakuzitoa.

Jumapili, 12 Septemba

Sikwenda kanisani. Mchungaji ataniombea, ni kazi yake.

Nilikaa bandani na chumvi ya mawe kiganjani. Ninaweka mkono chini, anashusha kichwa kulamba. Mkono mwingine unapanda shingoni. Akijikaza naacha. Akilegea naendelea. Asubuhi nzima! Kuelekea jua la utosi nilifika nyuma ya sikio na hakukimbia. Alipumua kwa nguvu, kamasi zikanijaa usoni.

"Dachesi" — jina la kipuuzi, la majumba ya kifalme. Lakini ndilo analoliitikia, na mimi si Kamati ya kumbadilisha mtu jina.

Jumanne, 14 Septemba

Nimempata fundi. Mihayo, Msukuma, aliyepanda kutoka Ubaruku na maksai wake kutufundisha kilimo cha plau. Mtu mkubwa, sauti kubwa, majivuno makubwa kuliko vyote. Mayu, akaniambia, ndiyo mama kwa Kisukuma, mimi nimevisha nira madume yaliyoua watu. Huyu wako ni mbuzi mrefu tu.

Atatumia ngozi mbichi ya ng'ombe, ile anayofungia nira. Ataikwangua nywele, ataipaka mafuta, ataikata mikanda. Nikamwonyesha mchoro. Akaugeuza, akaugeuza tena. Akasema Wasukuma hawana haja ya karatasi, ila huu upindo wa nyuma ya sikio ni akili. Nilifurahi kama mtoto aliyepata vema. Aibu!

Tukampima Dachesi kwa uzi, chumvi ikifanya kazi yake. Mkewe Mihayo, Nyamizi, alikuwa ameegemea mlango, mikono kiunoni. Tangu anioe, akasema, mwanaume huyu hajawahi kunipima hata kidole, leo anampima farasi shavu! Mihayo akajibu kwamba mkewe hahitaji hatamu, anahitaji kizibo cha mdomo. Nyamizi alicheka kuliko sisi sote.

Alhamisi, 16 Septemba

Jailos alipita, akanisalimu. Kamwene, Mwalimu, bado unamsuka nywele? Nikamwambia nampima kichwa, kazi ambayo ingefaa ifanyike hata kwa viongozi kabla ya kuwavisha vyeo. Akaenda zake bila kuaga.

Baadaye nikafikiri: kwa nini sikunyamaza? Anashika kura. Mimi nashika uzi.

Jumapili, 19 Septemba

Imekamilika. Mikanda mipana, kingo zimelainishwa, upindo mzuri pande zote mbili. Mihayo ameiloweka kwenye pipa. Anasema ngozi ya nira huvishwa ikiwa mbichi, ikaukia mahali pake, ndipo inapojua bega la ng'ombe. Kesho itavishwa hivyo hivyo, imelowa, ijifunze kichwa cha Dachesi. Ikitoka hapo hakuna farasi mwingine duniani ambaye itamkaa.

Hoja safi. Niliipenda. Kitu kinachochukua umbo la anayekivaa, badala ya anayekivaa kulazimishwa umbo! Nimetembea jioni nzima nikiirudia kichwani. Ningeweza kuhutubia juu yake.

Jumatatu, 20 Septemba

Siwezi.

Jumanne, 21 Septemba

Niandike, la sivyo nitaanza kujidanganya.

Jana asubuhi Dachesi alishusha kichwa. Mwenyewe! Niliinua hatamu iliyolowa, nikaipitisha, nikafunga. Vidole vyangu viwili vilipita kila mahali: nyuma ya masikio, mashavuni, puani. Alitafuna hewa, akatikisa kichwa mara moja, akatulia. Mihayo alipiga kofi paja lake. Mayu, umeona mbuzi wako? Tukamfunga uani, juani, ngozi ikauke vizuri. Mihayo akaenda kwenye maksai wake, mashamba ya bondeni. Mimi nilikuwa nimeitwa mkutano wa kata, Nyololo. Nilidhani narudi kabla ya jua kukaza.

Kwenye mkutano wakaja na lile neno tena: mabaki ya ukoloni. Mtu mmoja kutoka wilayani, suti ya kaunda, akasema kuna vijiji vinafuga farasi wa mabwana. Ningeweza kuondoka. Lori la kurudi lilikuwa limesimama nje, linanguruma. Nikabaki. Nikaomba kusema. Nilisema vizuri kuliko siku yoyote — hata yule wa suti aliandika. Nilimtetea Dachesi hadi watu wa nyuma wakapiga meza. Nikapewa nafasi ya pili, nikaichukua.

Na wakati wote huo ngozi ilikuwa inakauka.

Ngozi mbichi ikikauka inarudi. Ndiyo sababu nira haitikisiki: inakaza kama ngumi. Bega la maksai lina nyama na mti katikati. Kichwa cha farasi kina mfupa na ngozi basi. Mihayo aliwaza nira. Mimi niliwaza hotuba.

Niliporudi, nilimsikia kabla ya kumwona. Sauti ile sijui niiite nini. Alikuwa amejipiga ukutani, amevunja kigingi, amejikunja kwenye kona ya ua, macho meupe. Hatamu imezama. Upindo wangu mzuri wa nyuma ya sikio ulikuwa umeingia kwenye nyama. Haikuwezekana kufungua — mafundo yamekuwa jiwe. Mihayo alikuja mbio, akamkumbatia shingo kwa nguvu zote, mimi nikakata kwa kisu cha jikoni. Kisu kilimgusa Dachesi. Kilinigusa na mimi.

Mihayo aliinama. Akaokota vipande, akavitazama, akavitupa kwenye pipa.

Jumatano, 22 Septemba

Vidonda: juu ya mifupa yote miwili ya mashavu, na nyuma ya masikio. Mahali pale pale pa zamani. Pale pale nilipopima kwa uzi.

Maji ya chumvi. Chumvi ile ile. Sasa akiiona anarudi nyuma.

Alhamisi, 23 Septemba

Nilikwenda kwa Jailos. Sikubishana. Nadhani ndicho kilichomtisha. Akanipa kiti, akaita chai. Nikamwomba mwezi mmoja, vidonda vipone, nianze upya kwa kitambaa, kwa katani, kwa chochote. Akasema, Mwalimu, ungeniomba hivi siku ile ya kwanza, peke yetu, ningekupa. Lakini ulisema mbele ya watu wote, nami nikajibu mbele ya watu wote. Na kule Nyololo umemwaibisha mtu wa wilaya. Amepeleka ujumbe kwamba anataka kusikia jambo hili limekwisha.

Kwa hiyo hotuba yangu ilifika. Ndiyo ya kwanza kufika wilayani katika maisha yangu.

Nikamwuliza kama yeye mwenyewe anaamini farasi ni kupe. Akakoroga chai. Mimi naamini, akasema, kwamba ni farasi.

Ijumaa, 24 Septemba

Mihayo amemletea majani mabichi kutoka mtoni, mzigo mzima, kichwani — yeye ambaye anasema kubeba kichwani ni kazi ya wanawake. Akaweka mlangoni. Akasema, Mayu, hata ng'ombe wangu sijawahi. Hakumaliza. Nyamizi alikuwa nyuma yake, hakutania.

Nikamwambia Mihayo kwamba upindo ulikuwa mzuri. Ulikuwa mzuri kweli.

Jumamosi, 25 Septemba

Naandika bandani, nimekaa juu ya ndoo. Landrova imefika. Nimesikia mbwa, risasi, risasi. Sasa kimya. Kamati wako nje na bwana mifugo Alinanuswe, kijana mpole, macho mekundu. Aliingia kumtazama Dachesi. Akavua kofia. Shikamoo, Mama. Akatazama vidonda muda mrefu, akaniuliza nani amefanya hivi. Nikasema mimi. Alidhani natania.

Hawakutaka hata jaribio. Jailos alichungulia mara moja tu. Farasi gani atatembezwa na kichwa kile.

Shimo wamechimba ng'ambo ya kikaushio cha pareto, mbali, ili asiburutwe. Kwa hiyo lazima atembee mwenyewe hadi pale. Mgambo wawili walijaribu kumtupia kamba. Mmoja ameteguka mkono. Mihayo alikataa kuigusa kamba, akaondoka na maksai wake, hata nira hakuwafunga. Alinanuswe anasema humu bandani hawezi kupiga, ukuta wa mawe, risasi itarudi.

Jailos yuko mlangoni. Anaongea chini chini, kwa adabu kabisa. Mwalimu, wewe anakufuata bila kitu. Tumeona. Mtoe wewe.

Nimemwambia angoje. Nimemwambia naandika. Amesema sawa.

Nina hoja. Zimejaa kinywani, nzuri zote, moja inasukuma nyingine. Nikianza kusema naweza kuwaweka hapo nje hadi jua litue — najijua. Na nikikataa kumtoa wataleta kamba nyingi na watu wengi, nao watamshika kichwani.

Nimesimama kidogo, nikarudi kukaa. Sina chumvi. Mikono yangu mitupu. Lakini aliposikia nainuka ametoka kwenye kona, amekuja hadi hapa, pua yake iko juu ya ukurasa, imelowesha wino. Sijamgusa. Sijamwita.

Ameshusha kichwa. Chini kabisa, masikio yamelegea, kama nilivyomfundisha. Anasubiri nimvishe hatamu ambayo haipo. Naweka kalamu chini, natoka naye.