Maombi Niliyomwandikia Adhar

Lodwar,
Jumapili

Kwako dada Atiir,

Ejok. U hali gani huko Kataboi, na watoto, na mgongo wako ule mbishi? Mimi mwili hauna neno, ila nyumba imenyamaza mno. Ukisikia nazungumza na sufuria usicheke. Miaka tisa naandika filamu za watu wa misaada, nauliza wageni wanaamini nini, na sina hata jirani wa kuniazima chumvi.

Mwezi jana tulikuwa kambini Kakuma, tukirekodi akina mama wa Sudani Kusini wanaolea yatima na kuombeana. Mmoja wao, Adhar, aliomba kanisani kwa machozi. Jioni tukagundua upepo umemeza sauti yote. Nikamwendea, nikamsihi aombe tena vilevile. Akakataa kwa upole. Alisema jambo lile ameshamkabidhi Mungu, na Mungu si kiziwi hata arudiwe kwa ajili ya kamera.

Mkubwa wangu wa kazi naye akashikilia kwamba bila maombi hakuna filamu. Basi nikakaa nikayatunga mwenyewe, nikamwomba Nyariek, mkalimani wetu, ayasome juu ya picha ya Adhar. Najua utasema njia ya mwongo ni fupi. Ni fupi kweli.

Jana tuliwaonyesha filamu kanisani kwao. Watu wakapiga makofi. Adhar hakupiga. Alinisubiri mlangoni, nikajua leo nimepatikana, lakini hakunigombeza. Alisema maneno yale si yake, maana yeye huomba akiwataja watu, na aliyeomba yale hakuwa na mtu hata mmoja wa kumtaja. Akataka kujua ni nani, ili akina mama wakamtembelee.

Nikamwambia ni mwanamke fulani, ameshahama. Akasikitika, akasema watamwombea hivyo hivyo. Nikapanda gari nikarudi.

Atiir, ni mimi. Tangu tumzike mama sijapiga magoti, na kila ulipouliza nilikudanganya. Maneno yale yalinitoka bila kuyatafuta, nikalia, kisha kwa kuona haya nikayatia kinywani mwa mtu mwingine. Kesho narudi Kakuma kumwambia Adhar, na mkubwa nitamtaka ayaondoe. Kazi ikipotea na ipotee. Ninachoogopa ni kubisha mlango wa Adhar.

Wasalimie watoto wote. Yule mdogo niandikie jina lake. Nimelisahau, dada, na naona aibu.

Ni mimi ndugu yako,
Ejore