Mchumba Wangu Ametokea Kwenye Televisheni Bila Macho

Dada mshauri, shikamoo. Naomba unisaidie maana nyumbani hapakaliki. Nimechumbiwa na Saulo, fundi friji hapa Iringa, kijana mpole ambaye siku za mapumziko huigiza filamu fupi na wenzake, nami nilidhani ni za kuchekesha, kumbe ni zile za ajabu zinazoonyeshwa usiku wa manane, hazina maneno wala muziki, na baba yangu, mzee wa kanisa kule Nyololo, goti likamnyima usingizi, akawasha televisheni, akamwona mkwe wake mtarajiwa kavaa suti katikati ya shamba la mahindi, anakilisha kioo ugali, tonge baada ya tonge, kisha akageuka taratibu, na usoni hana macho, pamepakwa rangi pakawa patupu. Kulipokucha baba alinipigia simu, hakugomba, aliuliza tu, "Anjela mwanangu, huyu Saulo macho anayo?" Nikamwambia anayo, akasema sawa, ila harusi isimame kwanza mpaka mchungaji aongee naye. Mama yeye ameshaondoa kioo sebuleni. Nikamsihi Saulo aseme ni mtu anayefanana naye, akakataa, akanieleza kwamba filamu ile ni habari ya bibi yake aliyepofuka na bado akaendelea kumpakulia chakula marehemu babu kila jioni, halafu akaniambia, "Nikiikana kazi hii leo, kesho nitakukana na wewe." Sasa nimsikilize nani, yeye au wazazi?

Anjela, Mlandege

Anjela, pole. Nimecheka kidogo, unisamehe, lakini pia umenikera. Baba yako kaona mkwe asiye na macho na bado kauliza kwa upole. Nani kakuambia amemkataa? Anayemwonea aibu Saulo ni wewe. Unadhani mzee wa kanisa, aliyekaa misibani na wajane miaka yote hiyo, hawezi kumwelewa bibi anayempakulia mumewe?

Nendeni Nyololo, mchana kweupe, pamoja na mshenga. Saulo asianze na habari za kamera na sanaa, amweleze baba habari za bibi yake, basi. Mchungaji akiwepo, karibu sana. Filamu waonyeshwe wakiiomba wenyewe, na mama asilazimishwe. Wewe kaa kando ya Saulo, usimsahihishe, usimwombee radhi. Huo uongo wa mtu anayefanana naye usiurudie tena.

Na ukishindwa kukaa kando yake mbele ya baba yako, basi harusi isimame kweli, ila uwaambie watu kwamba aliyeisimamisha ni wewe.